Hukumu Bila Damu

Watu hudhani mtoto wa hakimu anakula kuku kila siku. Sisi kuku tuliwaona tu wakirudishwa. Mwenye kesi akileta kuku nyumbani, baba alimrudisha mwenyewe, kuku kwapani, mchana kweupe, ili kijiji kizima kione. Ndiyo maana hatukualikwa popote, na mama alizoea kupika sombe, majani ya muhogo, huku akinung'unika. Nasema haya ili ijulikane kwamba baba yangu alikuwa mtu mnyoofu.

Alikuwa hakimu wa baraza la wenyeji upande wa Wamaza, wakati wa Wabelgiji. Kesi za mahari na za mipaka aliziamua vizuri, wala hakuwa na haraka. Aliwasikiliza wagomvi mpaka wakachoka wenyewe wakapatana. Kesi za pamba ndizo zilizomkosesha raha. Kila mwanamume alilazimishwa kulima pamba ya serikali, na asiyelima aliletwa mbele ya baba, naye alikuwa na njia mbili tu: fimbo au gereza la Kasongo. Kusamehe hakukuwamo.

Msimu mmoja mkaguzi wa mashamba alimleta ndugu wa chale wa baba. Wawili hao walichanjiana wakiwa vijana: kila mmoja alilamba damu ya mwenzake, wakaapa kwamba atakayemwaga damu ya mwingine, nyumba yake italipa. Yule bwana alikuwa amepanda karanga katika shamba la pamba kwa sababu, alisema, watoto wake hawali pamba. Mimi nilimpenda sana. Alinitania kwamba nina miguu ya korongo, kisha akanibeba mabegani mpaka mtoni.

Baba alimwomba mzungu mkuu wa teritwari, yaani wilaya yetu, kesi ile apewe hakimu mwingine. Mzungu akauliza kama wamezaliwa tumbo moja. Hapana. Baba mmoja? Hapana. Basi si ndugu, akasema, akaendelea na mambo mengine.

Fimbo huchana ngozi. Kwa hiyo baba alichagua gereza, mwezi mmoja, na sote tukashusha pumzi. Mshtakiwa mwenyewe alipiga makofi ya shukrani, akasema kwa mzaha kwamba sasa atalishwa wali wa serikali. Siku ile baba alikula akashiba, akaomba kuongezewa. Alikuwa na furaha, na hilo ndilo linaloniuma nikikumbuka.

Ndugu yake hakurudi. Wafungwa walivunja mawe ya barabara na kunywa maji ya shimo, na ugonjwa wa kuhara damu ukawapitia. Alizikwa huko huko, na mtu wa ukoo hakuwapo.

Siku ya baraza mjane wake alikuja akaketi mahali pa mwenye mashtaka. Pale kila mtu alimwita baba Bwana Juji. Yeye hakumwita hivyo.

"Shemeji," akasema, "niko nashitaki mutu mwenye aliuwa bwana yangu. Muliapa damu isitoke. Imetoka, mpaka ikamumaliza."

Baba aliinuka kitini, akaenda kukaa chini, mahali pa washtakiwa. Wazee wawili waliokuwa wakiamua pamoja naye walitazamana. Mwishowe mkubwa wao akamwuliza kama anakana. Baba akajibu kwamba hakani.

Desturi yetu ilikuwa mtu kwa mtu: nyumba iliyoua hutoa mtoto akajaze nafasi. Serikali ilikuwa imekataza jambo hilo, kwa hiyo ikasemwa tu kwamba ninakwenda kumsaidia mjane kuchota maji. Nilikuwa binti wa pekee wa baba na mama. Mama alinifungia nguo zangu, na tangu hapo hakusema na baba ila la lazima.

Sikuteswa, nisimsingizie yule mama. Akipakua, mimi ndiye niliyeanza kupewa. Lakini niliitwa kwa jina la marehemu, na nikikosea alinyamaza badala ya kunigombeza, kama mtu aliyefikiwa na mgeni. Nililia sana mwaka ule, nikijificha kwenye shamba la pamba. Pamba ilikuwa imelimwa sasa.

Baba aliendelea kuhukumu. Nilidhani ataacha kazi, au atakuja kuniiba. Badala yake alikuja siku moja akiwa katika safari zake za kazi, akasimama uani kwetu. Aliyetolewa hana tena baba. Mjane alikuwa amenikumbusha hivyo asubuhi ya siku ile. Nikamletea maji, nikapiga magoti. Alikuwa amekonda, koti limemzidi mabega. Alikunywa polepole mpaka mwisho, akanirudishia kikombe bila kunitazama, akamgeukia mjane.

"Mutoto wako amekuwa mukubwa, shemeji," akasema.

Nilimchukia pale pale, na bado nilitaka aombe maji mengine. Hakuomba.