Benki ilivyouza nyumba yetu ya Kampemba asubuhi ya salongo, bila kuvunja sheria hata moja

Wakuu, heshima zangu kwenu. Nimefuatilia mjadala wenu kuhusu mipaka ya benki katika kupiga mnada nyumba ya rehani, nikaona niwaeleze yaliyotupata Lubumbashi, enzi za Zaire na chama kimoja. Sitaongeza chumvi. Yalivyo yanatosha.

Nilikuwa mwaka wa tatu wa sheria, kampasi ya Kasapa. Niliamini kila nilichokisoma.

Papa, baba yangu, alikuwa amestaafu kazi ya migodi ya shaba. Aliweka nyumba yetu rehani, akanunua lori la kubeba samaki kutoka njia ya Kasenga. Injini ikafa kabla ya mwaka kwisha, na marejesho yakasimama.

Meneja wa benki alimwita. Kwa upole kabisa akamweleza kwamba mambo yangeweza kusogezwa miezi sita, mradi apate matabishi, yaani hongo yake.

Papa alikuwa tayari kutoa. Mimi ndiye niliyekataa. Nilimwambia kwamba tukitoa hongo, tutakuwa tumeuza haki yetu kabla ya wao kuuza nyumba.

Benki ikapanga mnada mara moja, nami nikaiandikia barua. Nilieleza kwamba haiwezi kuuza bila kumkabidhi mdaiwa onyo la maandishi, kumwachia muda wa kisheria, kubandika tangazo, kisha kuuza hadharani mbele ya karani wa mahakama. Hawakuwa wamefanya hata hatua moja kati ya hizo.

Mnada ukafutwa.

Mtaani wakaanza kuniita "juge", hakimu. Mama Feza, jirani yetu muuza mikate, hakuniacha nipite: "Juge, mikate yangu unakulaka bure kila siku, sheria inasema nini?"

Niliona fahari. Nakiri.

Benki haikugomba. Ilianza upya, hatua kwa hatua, kwa mpangilio uleule wa barua yangu. Onyo likaja, muda ukapita, tangazo likabandikwa mlangoni kwetu na kwenye ofisi ya komini, yaani ya serikali ya eneo letu: mnada ni Jumamosi, saa tatu asubuhi.

Sikuogopa. Mjomba wangu wa Kasomeno, kaka yake mama, alikuwa amekusanya fedha za kuinunua nyumba ibaki kwetu. Angefika asubuhi hiyo.

Kwa msiojua, Jumamosi asubuhi ilikuwa salongo, kazi ya lazima ya usafi. Kila raia na jembe lake, maduka yamefungwa, magari yamezuiwa kwenye vizuizi hadi kazi iishe. Nilidhani mahakama nayo itangoja, kama soko lilivyongoja. Sikuuliza.

Nilitoroka zamu yangu ya Kasapa, nikapita vichochoroni hadi mahakamani. Uani nilimkuta karani, mwakilishi wa benki, na mtu mmoja tu mwenye kibali cha kupita mfukoni: shemeji ya meneja.

Nilimwomba karani angoje hadi saa sita, barabara zifunguliwe.

"Mulango iko wazi, citoyen," alisema, akiniita "raia" kama ilivyoamriwa enzi hizo. "Mwenye kutaka, aingie."

Akataja bei mara tatu. Ikatosha deni, haikubaki hata kidogo kwetu. Wakati huo mjomba alikuwa amekaa juu ya gunia kwenye kizuizi cha kuingilia mji, fedha kiunoni.

Papa nilimkuta akichimba mtaro mbele ya nyumba yetu, maana mkuu wa mtaa alikuwa akihesabu watu. Nikamwambia. Akauliza nani amenunua. Nikamtajia.

"Benki haikujua sheria, mutoto yangu," alisema. "Ni weye ulibafundisha."

Hakukasirika. Akainama tena, kwa sababu salongo ilikuwa haijaisha.

Nilipinga mahakamani. Hakimu akasema hatua zote zimefuatwa, na kwamba salongo ni wajibu wa kila raia, hivyo hakuna anayeweza kudai imemdhuru.

Funzo langu ni hili. Mipaka ya kisheria ipo, itumieni. Lakini ulizeni pia nani anachagua siku na saa, na mpinge kwa maandishi kabla ya siku hiyo. Ikishapita, mtabaki kujadili mihuri.

Kuhusu matabishi, hadi leo sijui. Papa alifia kwenye chumba cha kupanga, na bado mkono wangu unakataa kuandika kwamba heri tungetoa.

Ninyi mngetoa? Nijibuni kwa ukweli, hata jibu lenyewe likiwa dhidi yangu.