Machungwa ya Send-off ya Dada

Jumapili, saa nane na robo mchana, ndipo tulipoanza kukata machungwa. Saa naikumbuka kwa sababu dada aliiangalia kwenye simu, akasema yakikaa kwenye moto mdogo mpaka jioni yatakuwa tayari. Alitaka vipande vikavu vya kupanga mezani kwenye send-off yake, sherehe ya kumuaga kabla ya harusi, katikati ya mishumaa, vinavyopitisha mwanga kama kioo. Maganda ya nchani yangebaki kwa mama, ya kutia kwenye chai na pilau.

Mbeya ilikuwa na ukungu tangu juzi yake. Jua la kuanikia hakuna.

"Iringa yangekauka kwa upepo tu," dada alisema.

Anaolewa Iringa, kwa hiyo siku hizi kila kitu kizuri kiko Iringa. Hata mimi nilikuwa nasema hivyo. Tangu Januari aliniahidi kwamba akiolewa ataondoka na mimi, nikae kwake, nimalizie kidato cha nne huko. Dada ndiye aliyenilea, maana mama alikuwa anashinda sokoni mpaka kisukari kilipomrudisha nyumbani. Mwalimu wa darasa nilishamwambia kwamba nahama. Wengine sikuwaambia. Sina watu wengi wa kuwaambia mambo.

Chungwa unalikata liwe na unene wa penseli, unatoa mbegu kwa ncha ya kisu, unafuta maji kwa kitambaa. Tulipofika nusu, fundi wa gauni akapiga simu, dada akaingia ndani.

"Malizia, uyaweke kwenye moto mdogo," aliniambia.

Kwetu moto mdogo wa kukaushia kitu ni mmoja: kwenye uchaga wa miti, juu ya mafiga ya jiko la nje, pale mama anapoweka mahindi ya mbegu ili moshi uyakinge na wadudu. Nikatandika wavu, nikapanga vipande vizuri kabisa, kwa mistari. Kuni zilikuwa na unyevu.

Dada alivyorudi vilishakuwa vya kahawia.

"Mdogo wangu! Hii ni send-off au umenikaushia kambale?"

Mama alikuwa kwenye kigoda chake mlangoni. Alicheka mpaka akashika kiuno. "Hayo hata mwakani utayakuta. Mdudu hagusi."

"Mama, ni ya mapambo!"

"Si vizuri? Wageni wakinusa tu wanauliza ugali uko wapi."

Na mimi nilicheka. Dada akampigia shemeji, mchumba wake, video ili amwonyeshe.

"Shem, mambo?" shemeji aliniita.

"Poa," nikasema, nikarudi nyuma ya mlango.

"Huyo fundi mlete Iringa, awe anatukaushia na nyama."

Dada bado alikuwa anacheka. "Thubutu! Huyo anabaki na mama. Si tulishaongea?"

Walishaongea, yeye na shemeji. Mama aliacha kucheka, akaanza kuangalia kucha zake. Nikajua na yeye alikuwa anajua.

Nilikaa chini nikaanza kukata machungwa mengine. Maji ya chungwa yaliingia kwenye kidonda cha kidole, nikaona kabisa yanaingia, ila sikuutoa mkono. Nilisubiri nisikie kitu, hasira au hata kulia. Hakikuja kitu. Niliwaza tu kwamba mbegu za chungwa lile ni nyingi.

Dada alikata simu, akachuchumaa karibu yangu.

"Umesikia?"

"Nimesikia."

"Sukari ya mama inapanda na kushuka, unaona mwenyewe. Nikiondoka na wewe, nani atamkumbusha dawa?"

"Sawa."

"Usiseme sawa hivyo."

"Nisemeje?"

Alichukua kisu cha pili, tukakata wote. Safari hii tuliyapanga kwenye sufuria kubwa ya kuokea keki, bila mfuniko, makaa machache chini. Tulikuwa tunayageuza kwa zamu. Giza lilipoingia aliinua kipande kimoja kwenye taa na mwanga ukapita. Kilikuwa kizuri kweli. Mama akasema, "Ndaga, wanangu," ndiyo asante ya kwetu, halafu akaomba maji ya kumezea dawa. Dada alikuwa ameshika sufuria. Mimi nikaenda kuleta.

Asubuhi yake, Jumatatu, nilimfuata mwalimu wa darasa kabla ya mstari.

"Mwalimu, sihami tena."

"Kwani harusi imeahirishwa?"

"Hapana. Harusi ipo. Mimi ndiyo siendi."

Aliniangalia kidogo. "Dawati lako nilishampa mwenzako. Katafute kiti stoo."

Nilikipata kimoja, mguu mmoja unacheza. Nikakibeba mpaka darasani, nikakiweka nyuma, karibu na mlango, nikakaa.