Bega Langu na Ukuta wa Kanisa la Kismayo

Jamani, nawaambia mwenyewe kwa aibu yangu, maana mkingoja kulisikia sokoni mtalipata limetiwa chumvi: yule mtu aliyetoka kwenye kanisa la zamani la Wataliani hapa Kismayo akiwa mweupe kuanzia utosini hadi unyayoni, ni mimi.

Mzee Shee, babake Mwanaesha, alikuja kutoka kisiwani Chovai kunitazama (posa nilikwishapeleka, lilibaki jibu lake tu), na badala ya kumkalisha nyumbani anywe kahawa kama watu wenye akili, nikaona nimpitishe kanisani nimwonyeshe kazi ya ukoo wangu. Maana Wataliani walichora tu. Matao yale na mnara ule walijenga mafundi wa visiwani, kwa boriti za mikoko na chokaa ya matumbawe, na chokaa yenyewe babu yangu ndiye aliyeichoma kule kisiwani Kudhaa. Siku hizi paa halipo, kengele haipo, vita vimepita na vyake, ila kuta zimesimama na mbuzi wa jirani hulala humo kivulini.

"Na chokaa hii haijalegea?" mzee akaniuliza.

Ningesema "Mungu anajua" ningesalimika, lakini mdomo wangu mimi! "Ilegee, baba? Hii ya kwetu? Tazama!" Nikaupiga ukuta ngumi, kimya, nikaupiga tena, kimya, kichwa kikavimba, nikarudi nyuma nikaja na bega zima (wallahi sijui nilikuwa nashindana na nani), na lipu yote ya upande ule, tangu dirishani hadi chini, ikaniporomokea pwaa! Mbuzi wakatoka mbio, mmoja akapita kati ya miguu ya mzee, mzee chini, kofia huko, bakora huko, na watu wa barabarani wakaja wakiuliza nani kafa.

Nikamwinua huku nakohoa, najua Mwanaesha nimeshamkosa, na kweli nilitaka kulia. Mzee akajipangusa, akaniangalia, akauangalia ukuta (mawe yote palepale, hata moja halikusogea), kisha akacheka hadi akaketi tena chini.

"Binti nimekupa," akasema kwa Kibajuni chake, machozi yanamtoka. "Mchu wa kunichekesha hivi sijamwona tangu tumzike mamake. Lakini nyumba nitawajengea mimi, na wewe usiiguse!"

Tumeoana, alhamdulillahi, na hadi leo mke wangu haniruhusu kupigilia hata msumari wa kutundikia kanzu. Nami nimeapa: ukuta nitausifu kwa mdomo tu, tena nikiwa ng'ambo ya barabara.