Msoma Kipimo wa Mto Nyamwele

Kila siku saa kumi na mbili asubuhi, kabla hajavua koti la ulinzi, Athumani hupiga simu nyumbani kuuliza maji yamefika wapi. Saa ya Doha na ya Mufindi ni moja, kwa hiyo mkewe, Zainabu, huwa ndiyo kwanza ametoka mtoni. Humtajia namba, naye huirudia kwa sauti, kisha hukata simu.

Marvin, Mkenya anayempokea zamu langoni mwa jengo letu hapa Al Thumama, hakosi la kusema.

"Boss wa mto, maji imeamka aje leo?"

Athumani hacheki. Kwa miaka kumi na mmoja alikuwa msoma kipimo wa kampuni ya familia moja ya Kinorwe, yenye misitu ya misindano na mtambo mdogo wa umeme wa maji. Babu aliyeianzisha alikuja na desturi ya kwao: msoma kipimo huishi na familia yake katika nyumba iliyo kando ya banio, pale maji ya mto yanapozuiwa na kuelekezwa mtamboni, na akiacha kazi, anaacha na nyumba. Kwa namba yake ya alfajiri, ya kina cha maji mtoni, fundi hujua afungulie mtambo maji kiasi gani.

Alipopata viza ya Qatar hakuaga, akihofia nyumba. Alimwachia Zainabu simu ya kazini na kumwagiza atume namba kila siku kwa jina la Athumani. Fundi alijua, akanyamaza. Ofisini hawakujua. Miaka mitatu ikapita hivyo.

Wiki iliyopita ikaja barua pepe ya kampuni kwenye simu ya Athumani. Mjukuu wa yule babu atafika mwezi ujao. Amepitia vitabu, akaona kwamba Athumani hajakosa hata siku moja, hata masika ile daraja liliposombwa. Anataka kumpa mkataba wa kudumu, wausaini pamoja pale banioni.

Athumani aliomba ruhusa. Msimamizi akamwambia haondoki kabla ya Oktoba, mkataba wake utakapoisha, nao hautaongezwa. Marvin alimshauri amtume mdogo wake akasimame badala yake, kwani mgeni hajui sura ya mtu. Athumani akampigia Zainabu kumuuliza afanyeje. Zainabu alimjibu kwamba aandike apendavyo, yeye kesho atakwenda mtoni kama kawaida.

"Siku ya daraja alijifunga kamba kiunoni, akaishikiza kwenye msindano ndipo akashuka kusoma," Athumani aliniambia. "Mimi nilikuwa hapa, nimelala."

Huniita mwalimu kwa sababu nafundisha watoto wa ghorofa ya pili. Ijumaa aliniomba nimwandikie jibu. Tulikaa kwenye ngazi za nyuma, ukuta ukitoa joto la mchana. Alitamka taratibu: aliyesoma kipimo miaka hii mitatu ni Zainabu binti Mfaume, Athumani mwenyewe yuko Qatar, na amewadanganya, mkataba uwe kwa jina la mkewe, yeye hadai kazi wala nyumba. Nilimsomea mara mbili. Akalituma mwenyewe, kisha akakaa akiitazama simu hadi kioo kikazima.

Nilikuwa na swali moja tu.

"Kaka Athumani, Oktoba utarudi kwenye kazi gani?"

"Hakuna kazi," alisema. "Nitarudi kwa Zainabu, akinikubali."