Usukani Niliounyoosha kwa Jicho

Aibu hii nilikuwa nimeikalia kimya, na sababu ya kuisema sasa ni kwamba watu wanaisema vibaya. Hapa Kinyerezi ninapochongea vitanda kuna wanaodai nilikuwa nimelewa (sinywi, muulizeni yeyote), kuna wanaodai gari lilikuwa na jini, na juzi kaja mama mmoja kuulizia kabati, akaniangalia usoni, akashika mdomo, akaondoka hata bei hajauliza. Basi bora niseme mwenyewe. Niliingiza harusi ya binti yangu msibani, na matarumbeta juu, na yote yalianza kwa kitu kidogo tu, nilikataa kupeleka gari gereji.

Gari lenyewe ni salun, gari dogo la zamani, la bluu, nimelinunua kwa fedha za vitanda. Shule niliishia darasa la tatu kule Masasi, nikaja mjini na randa na patasi, sikuwa na mjomba wala shangazi wa kunipokea, kila mlichokiona kwangu nimekitoa kwenye mbao. Kwa hiyo Tekla, kitindamimba wangu, alipopata mchumba wa Kibamba na wakwe wakaleta taarifa kwamba watatuma gari jeupe la kukodi, lenye maua, lije kumchukua bibi harusi, mie nilisimama mbele ya kamati nzima ya harusi nikasema mwanangu hatoki kwangu na gari la kukodi. Nitampeleka mwenyewe, na gari langu, mpaka mlango wa kanisa. Watu wakapiga makofi. Mama Tekla hakupiga.

Hakupiga kwa sababu alijua gari linaumwa. Usukani ulikuwa unacheza, unauzungusha kidogo huku na huku na matairi hayana habari, na tukiingia kwenye mashimo linagonga mbele ko-ko-ko kama mtu anabisha hodi. Nikamwita jirani yangu, Mzee Hamisi, Mzaramo wa hapahapa, kaendesha malori mpaka magoti yakamkatalia. Akaja na kiti chake, akakaa, akaniambia piga jeki, shika tairi la mbele kwa pembeni, mkono huku na mkono huku, litikise. Nikalitikisa, likacheza. La upande wa pili, vilevile.

"Tairodi," akasema. "Ncha zake zimekwisha, pande zote mbili."

(Kwa asiyejua, tairodi ni vile vyuma viwili vinavyosukuma matairi ya mbele ukizungusha usukani, kimoja kila upande, na mwishoni kina ncha yenye kifundo kama goti. Goti likilika, ndiyo hayo.)

"Kanunue mpya," Hamisi akaendelea, "fundi akufungie, halafu ukapime alaimenti kwenye mashine, matairi yatazame mbele sawasawa."

"Kununua nitanunua. Kufunga nitafunga mwenyewe."

"We mchonga vinyago wewe, hiyo siyo miguu ya kitanda!"

"Chuma ni mbao iliyokasirika tu," nikamwambia. Sijui nililitoa wapi neno lile, lakini lilinifurahisha sana siku ile.

Akatikisa kichwa. "Basi walau weka alama pale ilipoishia ncha ya zamani, ya kwako mpya iishie hapohapo. Usizidishe, usipunguze."

Nikasema sawa. Sikuweka alama yoyote. Mie skrubu naijua, skrubu inaingia mpaka mwisho, ukiiacha njiani kitanda kinalia watu wakilala. Nikafungua za zamani, nikazipiga nyundo zikatoka, nikazungusha mpya. Ya kushoto ikaingia mpaka ikagota, tamu kabisa. Ya kulia ikafika katikati ikakamatwa na kutu, ikagoma. Nikaisukuma kwa spana ndefu, ikagoma. Nikaona ya kulia imekaza, ya kushoto imekaza, vyote vimekaza, kuna ubaya gani tena?

Nikalishusha gari chini, nikaingia, nikaona matairi kama yanatazama mbele lakini usukani umelala ubavu. Hapo ndipo ningerudi kwa Hamisi. Lakini Hamisi angecheka. Nikafungua nati ya usukani, nikaung'oa wote, nikaurudisha ukiwa umenyooka. Nikasogea nyuma, nikafumba jicho moja kama ninavyopimaga ubao. Umenyooka! Nikaendesha kulijaribu, nikazunguka mtaa wetu, kushoto, kushoto, tena kushoto, mpaka nyumbani. Ko-ko-ko imekwisha. Nikampita Hamisi barazani kwake nikapiga honi. (Mtaa wetu, ukitoka kwangu, wote unazunguka kwa kushoto. Hilo nililigundua baadaye.)

Jumamosi ikafika. Padri wa Kibamba alikuwa ameshatuonya tusichelewe, kuna harusi nyingine baada ya yetu, na asiyekuwepo kwa wakati atajua mwenyewe. Tekla akaingia kiti cha nyuma na shela lake, Mama Tekla pembeni yake, mie mbele peke yangu na suti. Nikaamuru gari langu liongoze, pikapu ya matarumbeta ifuate, halafu magari mengine yote. Baba anaongoza. Ndivyo nilivyosema.

Tulipoingia barabara ya Malamba Mawili na mwendo ukapanda kidogo, gari likaanza kwenda kulia lenyewe. Nikalirudisha, likaenda kushoto. Nikalirudisha, likavuka kwenda kulia. Nikawa nagombana nalo kama mtu anayeshika mbuzi kwa pembe, jasho linaingia kwenye macho, na nyuma nasikia vigelegele! Nikatazama kwenye kioo. Jamani, msafara mzima ulikuwa unayumba. Si mnajua harusi za hapa mjini, dereva akipata raha analiyumbisha gari, basi pikapu ya matarumbeta imeniona nayumba ikaona mzee kafurahi, nayo ikayumba, na ya nyuma yake ikayumba, watu wametoa viwiliwili madirishani wanapeperusha vitambaa.

"Baba Tekla, umeanza lini mambo haya?" Mama Tekla akauliza.

"Furaha," nikasema.

"Baba, nahisi kutapika," Tekla akasema.

Nikapunguza mwendo. Tukafika Mbezi, tukaingia barabara ya Morogoro kwa kushoto, salama, tukaenda mpaka Kibamba, tukaacha lami kwa kushoto tena, salama. Sasa ukiingia ndani kuna njia panda, na kanisa ni kulia. Unaliona kabisa, na msalaba wake. Nikazungusha usukani kulia. Ukazunguka kidogo ukagota. Nikavuta kwa mikono yote miwili. Umegota! Gari likakaa katikati ya njia panda, pua inatazama ukuta wa mtu, pikapu nyuma yangu imenigusa bampa na tarumbeta inalia sikioni.

Sikuelewa kitu, na nawaambia ukweli mpaka nilipokuwa nimekaa pale nilikuwa nadhani ni njia ndiyo imepinda vibaya. Mtu mwenye akili angeshuka akasema gari limekufa, chukueni mtoto mumpeleke, kanisa lile pale. Mie nikawaza, kushoto linapinda, basi nitakwenda kushoto, halafu kushoto, halafu kushoto, nitatokea kanisani kwa nyuma.

Nikapinda kushoto. Msafara wote ukanifuata, nani atamwacha bibi harusi?

"Kanisa si lile?" Mama Tekla akasema.

"Nazunguka."

"Unazunguka nini?"

Njia ikawa nyembamba. Nikapinda kushoto tena, ikawa nyembamba zaidi, kuta huku, michongoma huku, na kutoka pale hapakuwa na kushoto kwingine, palikuwa na turubai. Limefungwa kuvuka njia nzima, viti vya plastiki, wanaume wamekaa, wanawake wamejitanda kanga kwenye mikeka. Nikajua ni harusi ya watu. Nikapiga honi kuwasalimu. Matarumbeta wakaona turubai wakajua tumefika ukumbini, wakapandisha ule wimbo wao wa kuingilia, na ngoma ikapigwa mpaka kioo changu kikatetemeka.

Halafu nikaona jeneza.

Nikataka kurudi nyuma, nyuma kuna pikapu na nyuma ya pikapu kuna magari mpaka barabarani. Nikazima injini nikashuka, nikitarajia kupigwa mawe. Hapo ndipo nilipochanganyikiwa moja kwa moja, maana watu walikuwa wanacheka. Mama mmoja aliyekuwa analia, machozi bado yanamtiririka, akashika mbavu akapiga kelele, "Watani! Watani wa marehemu wamekuja na bibi harusi!"

Mnajua watani msibani. Wana ruhusa ya kufanya kituko chochote, walie kilio cha uongo, wamwigize marehemu, walizuie jeneza mpaka wapewe kitu, na mfiwa hakasiriki. Sasa watani wa yule bwana walikuwa wanasubiriwa tangu asubuhi, na mie ndiye niliyetokea.

Mzee mmoja wa kanzu, ndiye kaka wa marehemu, akanishika mkono kwa nguvu. "Nyie mmetuweza! Kaka yangu alikuwa anasema watani wake wamezeeka, hawana jipya. Matarumbeta? Na shela?"

"Shikamoo," nikasema, ingawa tulikuwa rika moja. "Mzee wangu, sie tuna harusi kweli."

"Anasema harusi kweli!" akawageukia wenzake. Turubai zima likaangua.

"Nisikilizeni! Tumepotea njia. Kanisa liko pale, gari langu halipindi kulia!"

"Halipindi kulia!" Kijana mmoja akadondoka kwenye kiti, akabaki chini anapiga ardhi. Kila nikisema ukweli wanacheka zaidi, na matarumbeta wakiona watu wanacheka wanapiga zaidi, na mtu kaniletea sahani ya wali nimeishika, sijui niiweke wapi, na Mama Tekla ndani ya gari amejifunika uso kwa mkoba.

Aliyetuokoa ni Tekla. Akashuka, akakusanya gauni lake mkononi, akanijia sikioni. "Baba, acha kuwaeleza. Waambie sisi ni watani."

"Mie simjui huyo marehemu!"

"Basi nyamaza." Akapandisha sauti. "Jamani wafiwa! Watani tumeshamlilia mtu wetu, sasa tunaomba njia, tumpeleke bibi harusi wake kanisani, marehemu asije akachoka kumsubiri huko aliko!"

Vigelegele, msibani! Wakafungua kamba za turubai upande mmoja, kina mama wakamtunza Tekla kwa kanga mbili begani. Vijana wakataka kuliinua gari langu mzimamzima waligeuze, lakini mwanangu akatazama jua, akatazama gari, akanitazama mie.

"Tutachelewa. Mama, njoo kwenye pikapu. Baba, panda, au utabaki hapa na usukani wako."

Sijawahi kuambiwa hivyo na mtoto wangu. Nikapanda. Bibi harusi akakaa mbele na mama yake, mie nikasimama nyuma katikati ya wapiga tarumbeta, nimeshika bomba la chuma, sahani ya wali bado ninayo. Vijana wakalisukuma gari langu pembeni chini ya turubai, pikapu ikapita kwenye ule upenyo, tukatokea kwa nyuma ya kanisa (kwa hiyo hesabu yangu ya kushoto haikuwa mbaya sana), na harusi ya pili ilikuwa imeshapanga mstari mlangoni. Padri akatutazama kutoka juu mpaka chini. Akasema hana misa nyingine ya kutupa, tuingie pamoja na wenzetu, wafungishwe wote. Ndivyo Tekla alivyoolewa, mstari mmoja na watu tusiowajua, na mie nimemshika mkono na vumbi kwenye suti mpaka kwenye nyusi. Aliolewa, hilo sitanyang'anywa. Lile la gari langu mpaka mlango wa kanisa, nililolisema mbele ya kamati, hilo limekwenda.

Tulipotoka, mkwe wangu, baba wa bwana harusi, akanivuta pembeni kwa adabu. "Mkwe, tulikuwa tunangojea kuliona gari. Liko wapi?"

"Liko msibani."

"Pole sana! Nani amefariki?"

"Simjui," nikasema.

Mpaka leo akiniona ananiongelesha polepole, kama mgonjwa.

Jumatatu nilimfuata Mzee Hamisi. Hakucheka, na hilo liliniuma kuliko angecheka. Tukamchukua fundi wa hukohuko Kibamba, tukaenda msibani. Gari lilikuwa chini ya turubai, wamelifuta vumbi. Yule mzee wa kanzu akanikumbatia, mtani karibu, mtani kaa, akawaita na wajukuu waje wanione. Fundi akalala chini ya gari, halafu ikatoka sauti kutoka huko chini.

"Nani amefunga hivi? Hii moja imeingia yote, hii imebaki nje nusu, ndiyo maana kulia linagota. Nani huyu?"

Hamisi akanitazama. Mie nikatazama viatu vyangu.

"Ah, usiwaulize hao," mzee wa kanzu akasema, anafuta macho kwa kicheko. "Hiyo nayo ni kazi ya watani. Wameyapanga mpaka chini ya gari!"

Na mie, mtu ambaye sijawahi kukana kazi ya mkono wangu, hata meza zilizoyumba, nilinyamaza nikaiachia sifa hiyo ipite.

Basi randa ni yangu, patasi ni yangu, mbao yoyote mniletee nitaipima kwa jicho. Chuma chochote kinachogeuza tairi sikigusi tena, atakigusa fundi, na mashine yake ya alaimenti, na mie nitakaa kwenye benchi nisubiri kama watu wengine. Wafiwa wangu wamenialika arobaini. Wanasema marehemu angependa, na wamesisitiza nije na kituko kipya. Nitakwenda kwa miguu.