Mama wa Kihungaria Aliyemenya Viazi Makanyagio

Nina hasira, na sitaki kujifanya imepoa.

Kutafsiri filamu nilijifunza mwenyewe. Nilikuwa na simu, kamusi na woga wa kukosea. Kila Jumapili mchana, kwenye kibanda cha video hapa Makanyagio, nilishika kipaza sauti nikawasemea wazungu kwa Kiswahili. Desturi yetu ni kwamba DJ, yaani mwenye kutafsiri, hanyamazi. Mtu akikohoa kwenye filamu, DJ anaeleza kwa nini.

Halafu nikampenda mwigizaji mmoja wa Hungaria. Nilisoma kila nilichokipata juu yake. Binti wa fundi wa reli, alianza kwa kushona nguo za waigizaji kabla ya kupanda jukwaani mwenyewe. Akawa nyota wa filamu. Wakubwa wa serikali ya kwao wakamtaka asifie mambo asiyoyaamini, akakataa, akanyimwa kazi miaka mingi. Aliporudi alipewa nafasi za wajane. Mwisho ugonjwa wa koo ukamnyang'anya sauti, na bado akacheza filamu moja. Inaanza akiwa jikoni, mama aliyefiwa na mwanawe, anamenya viazi. Hakuna neno, dakika sita nzima.

Maelezo yangu ya filamu hiyo niliyaandika upya mara tisa. Nikaapa kwamba hapo kwenye viazi nitanyamaza, kwa sababu kile kimya ndicho kitu pekee alichobaki nacho.

Nilinyamaza labda nusu dakika.

"DJ kalala!"

"Mleteeni uji!"

"Bibi anamenya gunia zima, kwani ana harusi?"

Mwenye kibanda akanisogelea. "Dogo, sema kitu. Watu hawajaja kuangalia jiko la mtu."

Nikainua kipaza sauti. Nikasema, "Viazi hivi ni vya mkwe wake. Anataka kumtilia sumu."

Kibanda kikalipuka. "Eeeh! Mchawi huyo!" Na mimi, mjinga, nikanogewa. Chozi lilipomtoka nikasema anajizoeza kulia msibani. Watu wakapiga miguu chini kwa kicheko. Wakubwa wa kwao walishindwa kumsemesha uongo. Mimi niliweza, kwa kipaza sauti cha betri.

"Leo umetisha!" mwenye kibanda aliniambia filamu ilipoisha. "Jumapili ijayo tunarudia." Nilitamani kumrushia kipaza sauti, lakini niliitika, nikamshukuru kabisa.

Mlangoni alinisubiri mama mmoja wa Katumba, aliyekuwa ameleta ndizi sokoni.

"Mwanangu, yule mama kweli alitaka kuua?"

"Kwa nini, mama?"

"Mimi niliona kama amefiwa. Anavyoshika kile kisu. Nilidhani ni mtoto."

Alikuwa ameona kila kitu, bila msaada wangu. Ningeweza kusema ndiyo, umeona sawa. Lakini nyuma yangu watu walikuwa bado wanacheka, wananisifu, na niliogopa kuonekana nimekosea.

"Alitaka kuua, mama," nikasema.

"Haya," akajibu. "Basi ni macho yangu siku hizi." Akajitwisha beseni lake, akaondoka.