Mikono Ndani ya Shali

Harufu ya mafuta ya taa bado inaniudhi. Inanirudisha kwenye chumba chetu cha kwanza London, baada ya sisi Wahindi kufukuzwa Uganda, mbele ya jiko la kupashia joto na televisheni ya kuazima. Majira yote ya baridi, kila Jumamosi, nilifuatilia mashindano ya mataifa ya kuteleza kwenye theluji na kulenga shabaha. Na kila Jumamosi Bibi aliniharibia. Wachezaji wakishusha tu bunduki mgongoni, anaficha mikono ndani ya shali na kusema, "Zima."

"Bibi, huu ni mchezo tu."

"Mwenye bunduki hachezi. Zima."

Nazima. Msimu mzima sikujua nani alilenga, nani alikosa.

Siku ya mbio za mwisho nilichoka. "Kwani unaficha nini?" nikamuuliza, nikaivuta ile shali kwa hasira.

Hapakuwa na kitu. Ilibaki alama tu pale bangili zake za dhahabu zilipokaa miaka yote, mpaka askari mwenye bunduki kwenye kizuizi cha barabarani, njiani kwenda uwanja wa ndege, alipomwambia azivue.

Kwenye televisheni wachezaji walikuwa wanalala kifudifudi, tayari kufyatua. Nilizima kabla hajaniambia.